Mawese kwenye Koki ya Oksijeni

Baba mdogo ni fundi wa kuchomelea, karakana yake iko Kawajense. Nilipomaliza chuo na shahada yangu ya ualimu wa kemia, ajira hakuna, nikawa msaidizi wake. Aliniita "mwalimu", na si kwa heshima.

Siku hiyo tulikuwa tunakwenda kijiji cha Litapunga. Shafti ya mashine ya kusaga ilikatika, na pale hakuna umeme wa kuchomelea, kwa hiyo tulibeba mitungi miwili ya gesi, wa oksijeni na wa asetilini. Niliisimamisha nyuma ya pikapu nikaifunga kwa mnyororo. Nikaukagua mnyororo. Nikashuka, nikapanda tena, nikaukagua.

"Mwalimu, unafunga mtungi au dume la ng'ombe?"

"Ukianguka koki ikakatika, unaruka kama kombora."

"Umeshaniambia. Jana mara mbili."

Ndipo nikaona kwamba mtungi wa oksijeni hauna ile kofia ya chuma inayofunika koki. Mtungi hausafirishwi bila kofia, nalijua hilo. Lakini nilikuwa nimeshamchosha na mnyororo, nikaona haya kuongeza jingine. Nikachukua kitambaa safi, nikaizungushia koki isiingie vumbi.

Tulipotoka mjini, mama mmoja mtu mzima alitusimamisha, ana dumu la mawese. Huku kwetu gari likielekea shamba na nyuma kuna nafasi, humwachi mtu na mzigo wake barabarani. Dumu likakaa nyuma, mama akakaa mbele na sisi. Katikati ya safari tulisimama kuongeza maji kwenye rejeta. Mama akaenda nyuma kutazama dumu lake. Mimi nilikuwa nawaza kama mnyororo haujalegea.

Tulipofika, wanawake walikuwa wamepanga ndoo za mahindi mlangoni pa mashine. Baba mdogo alivuta kitambaa bila kukiangalia, akakitupa chini, huku akiongea na mwenye mashine. Kabla ya kufunga geji ya kupimia gesi kwenye mtungi, yeye hufungua koki kidogo kwanza ili ipulize vumbi. Mkono wake ulikuwa umeshafika kwenye koki.

Niliokota kitambaa. Kilikuwa chekundu, kimelowa. Nikatazama koki, nyuzi zake za kufungia geji zinang'aa mafuta.

Oksijeni ikitoka kwa nguvu ile ikakutana na mafuta, moto unawaka bila kiberiti. Uso wa baba mdogo ulikuwa shibiri moja kutoka pale. Hata hivyo nilisita. Labda ni tone tu. Labda ni mimi na mawazo yangu, na watu wote hawa wanatazama.

"Baba mdogo, toa mkono."

"Nini tena?"

"Toa mkono! Kuna mafuta!"

Sikuwahi kumpigia kelele kabla ya hapo. Aliutoa. Nikampa kitambaa, akakinusa.

"Ni mimi," mama alisema. "Dumu lilivuja, nikapangusa nacho, nikakirudisha vizuri. Niliona mnakilinda hicho chuma." Akanitazama. "Lakini mwanangu, mawese nakaangia dagaa miaka yote. Ndiyo yalipuke leo?"

Nikamweleza. Mwenye mashine akasema, "Basi pangusa na petroli."

"Hiyo ndiyo mbaya zaidi."

"Na sabuni?"

"Sitakuwa na uhakika kwamba yametoka yote. Mtungi urudi kwa waliotujazia, wakausafishe wao."

Baba mdogo alitazama ile foleni ya ndoo. Kisha akairudisha geji kwenye boksi lake.

"Kesho," akamwambia mwenye mashine. "Na mtungi mwingine."

"Haya, leo tunatwanga," mwanamke mmoja alisema, akajitwisha ndoo yake. Wengine wakamfuata, na si wote waliotuaga.

Tulipokuwa tunapakia nilimwambia baba mdogo kuhusu kofia, kwamba niliona tangu asubuhi haipo.

"Mbona hukusema?"

"Nilikuwa nimeshasema sana kuhusu mnyororo."

"Hilo ndilo ungesema."

Akapanda nyuma mwenyewe, akaukaza mnyororo, akauvuta mara mbili. Koki tuliiacha bila kuifunika, na kitambaa nilikifunga peke yake kwenye mfuko.

"Umekagua?" akaniuliza.

"Nimekagua."

"Kagua tena."