Uso wa Kuazima

Kazi yangu ni kutafuta picha za zamani za sinema ili watu wa filamu na televisheni wazitie kwenye vipindi vyao. Naipenda hata siku inaponiudhi. Ninaowachukia ni baadhi ya wanaozitumia, na leo nitamsema mmoja.

Alikuwa mwongozaji mwenye ofisi Westlands, akitengeneza filamu kuhusu Dagoretti ya wakati wa mkoloni. Nilimpatia mkanda mfupi kutoka hifadhi moja ya ng'ambo: wanaume wamepanga foleni mbele ya mzungu aliyeketi mezani, wakingoja kukaguliwa. Tukaupeleka Mutuini, hukohuko Dagoretti, kwa shosho mmoja, bibi mzee aliyekubali kuhojiwa. Baba yake alichukuliwa na askari wa mkoloni yeye akiwa mdogo, hakurudi, na nyumbani hapakuwa na picha yake hata moja.

Mtu wa tatu kwenye foleni alivua kofia akaikumbatia kifuani. Shosho alishika ukingo wa meza.

"Huyo ni baba," akasema. "Hata kanisani alikuwa anashika kofia hivyo."

Kamera ilikuwa inamrekodi. Lakini hifadhi hizi hukutumia kwanza nakala ya kutazama tu, yenye jina lao katikati ya picha, na jina halitoki mpaka ulipie. Lilikuwa limepita juu ya macho na pua ya yule mwenye kofia.

"Hayo maandishi yatatoka lini?" shosho akauliza.

"Ukikuja kuona filamu, shosho, utamwona vizuri," mwongozaji akamjibu, akitabasamu.

Filamu ilionyeshwa katika ukumbi mmoja kule Karen. Shosho aliketi mstari wa mbele na kitambaa chake cha kanisani. Sauti yake ikasikika ukumbini: "Huyo ni baba." Na pale kwenye skrini, bila maandishi yoyote, akatokea mtu mwingine kabisa. Nilimjua, maana picha yake niliitafuta mwenyewe kwa kipindi kingine cha mwongozaji huyo: kibarua wa shamba la mkonge, mbali sana na Dagoretti. Watu wakapiga makofi. Nilitamani kuvunja kiti.

Nilimkamata mwongozaji mlangoni.

"Tulia, bana," akasema. "Ile ingine ilikuwa bei mbaya, na hii tulikuwa nayo. Wazee wa kitambo wote wanafanana. Nani atajua?"

"Si shosho anajua!" nikamfokea, wageni wakageuka na glasi zao. Nilimwita mwizi mbele yao, na sijalifuta neno hilo mpaka leo.

Shosho akatufikia polepole na bakora yake. Hakumtazama mwongozaji hata kidogo. Alinitazama mimi.

"Huyu mtu mmeniwekea, ni wa nani?"

"Jina lake halikuandikwa popote, shosho."

"Na watoto wake," akasema, "wanajua ako hapa, mimi namwita baba?"