Kinu cha Mke wa Askari

Siku ile mke wangu Furaha alirudi kutoka sokoni akicheka peke yake. Nilimwona tangu mbali, maana nilikuwa nimeketi mlangoni nikipaka mafuta magurudumu ya chukudu yangu. Kwa asiyeijua, chukudu ni kama baiskeli ya mbao isiyo na pedali. Unaipakia mizigo, unaisukuma, kwenye mteremko unaipanda. Ndiyo kazi niliyokuwa nayo. Shule niliiacha darasa la tatu baba alipofariki, lakini hiyo si habari ya leo.

Nyuma ya Furaha kijana wa sokoni alikuwa amebeba kinu begani, kinu kikubwa cha mti mgumu, cheusi kwa kutumika.

"Baba Riziki, njoo uone! Mke wa askari ameniuzia kwa bei ya kutupa. Kambi nzima imeshuka sokoni kuuza, mpaka magodoro."

"Mshahara wao umeliwa tena," nikasema.

Tukacheka. Hatukucheka kwa ubaya. Mji wetu ulikuwa mji wa kambi, na mshahara wa askari ulipopotelea njiani, wake zao walishuka sokoni na vitu vyao, na sisi tulinunua. Ulipofika, walinunua kwetu maharage na sabuni. Tuliishi hivyo, sisi kwao na wao kwetu.

Mama yangu alikuwa ndani, juu ya mkeka. Miguu yake ilikuwa imekufa tangu alipougua, lakini ulimi ulikuwa mzima kabisa. Akauliza, "Wanauza nini?"

"Vinu, mama. Masufuria makubwa. Vitanda."

"Na vitenge?"

Furaha akafikiri. "Vitenge sikuviona."

Hapo mama akasema jambo ambalo mimi, mtu mzima mwenye watoto wawili, sikuwa nimelifikiria. Alisema mwanamke mwenye njaa huuza kitenge na kubaki na kinu, kwa sababu bila kinu hatwangi sombe, majani ya muhogo, na sombe ndiyo chakula cha asiye na kitu. Anayeuza kinu na kubaki na kitenge, huyo anaondoka.

"Mama, kanali amesema kwenye redio adui yuko mbali, mji hauanguki."

"Mke wa kanali ameuza nini?"

Nilimwambia aache maneno ya uoga. Sokoni walinunua wote, mji mzima, wakifurahia bei.

Hapa niseme kidogo juu ya huo mji, maana bila hivyo hamtaelewa kwa nini nilishtuka hivi karibuni, hapa Londoni, mguu wangu mmoja ukiwa tayari kaburini.

Mjukuu wangu Neema, mtoto wa Riziki, alinichukua kutoka Tottenham kwa treni ya chini ya ardhi kwenda kuona ukuta wa Warumi. Yeye amezaliwa hapa. Kiswahili anakisikia chote lakini anajibu kwa Kiingereza, na mimi Kiingereza changu ni cha basi na hospitali. Basi tunaongea hivyohivyo, kila mtu na chake, na tunapatana. Ukuta wenyewe ni kipande tu, mrefu, mawe na mistari ya matofali mekundu katikati. Kulikuwa na bwana mmoja mwenye mwavuli akiwaeleza wageni, na safari hii Neema akawa ananinong'oneza kwa Kiswahili chake cha kuokoteza.

Alisema: Koko (kwetu babu na bibi wote ni koko), anasema Warumi walitoka mbali sana, nchi hii ilikuwa jimbo lao la mwisho wa dunia. Miji waliijenga ili waishike nchi. Barabara, kambi, soko, ofisi ya kodi, nyumba ya gavana.

Nikamwambia, "Huo mji naujua."

Akacheka. "Koko, ni wa zamani!"

"Naujua, mama. Nimezaliwa ndani yake."

Maana wetu Wabelgiji waliujenga vivyo hivyo. Barabara haikwenda kwa mtu yeyote wetu. Ilitoka kwenye mashamba ya kahawa na kwenye migodi, ikaingia mjini, ikatoka kwenda walikokuwa wao. Katikati posta ya mawe. Pembeni gereza, ofisi ya kodi, kambi juu ya kilima ili bunduki zione mitaa yote. Mama akiwa msichana mdogo aliyabeba mawe ya posta kwa kichwa, yeye na wasichana wenzake, kutoka mtoni. Wabelgiji walipoondoka, watu wetu waliingia katika viti vilevile, na mji ukaendelea na kazi yake ileile. Lakini mtu hakai mahali maisha yake yote bila kupapenda. Mama aliipenda posta ile. Alikuwa akisema ana jiwe lake, kwenye ngazi, upande wa kushoto.

Turudi kwenye habari.

Asubuhi ya pili yake tuliamka na milio ya bunduki upande wa kaskazini. Wake wa askari walipita mlangoni kwetu kwa mstari, watoto mgongoni, mabunda ya vitenge kichwani, kuku mikononi. Yule wa kinu alimwona Furaha, akatoka kwenye mstari.

"Dada, nisamehe. Tulikatazwa kusema. Tokeni, msingoje jua."

Akarudi kwenye mstari.

Nilimkalisha mama kwenye chukudu, nikamfunga kwa kamba asidondoke. Furaha alimbeba Riziki mgongoni, mdogo wake nikamweka mbele ya mama. Na kinu kile, sijui kwa nini, Furaha alikipakia pia. Kilikuwa kitu kizuri kuliko vyote alivyowahi kununua.

"Mnakimbia vita na kinu," mama akasema. "Huko mnakokwenda mtatwanga nini? Mawe?"

Hata mimi nilicheka, nikisukuma.

Watu wote walikuwa wanashuka kwenda darajani. Mto unapita nje ya mji, na daraja lilikuwa moja, la chuma. Mbele ya posta askari wa mwisho walikuwa wamekaa barabarani. Mmoja, sajini, akanyoosha mkono.

"Shusha mizigo."

"Shefu, huyu ni mama yangu. Hatembei."

Akanionyesha ukutani. Luteni wake alikuwa amelala pale, paja limefungwa shati, shati limelowa.

"Na huyu hatembei."

Hakunipiga. Ingekuwa rahisi kumchukia kama angenipiga. Walifungua kamba wenyewe, wakambeba mama taratibu, wakashusha kinu, wakamlaza luteni.

Chukudu ikaondoka.

Milio ilikuwa imefika sokoni.

Nikapiga goti ili mama apande mgongoni. Akakataa. Mdogo wa Riziki alikuwa analia chini, na Furaha hakuweza kubeba wawili na kukimbia.

"Geuza hicho kinu," mama akasema. "Nikalishe."

Nikakigeuza kichwa chini, nikamkalisha juu yake, mgongo wake kwenye ngazi za posta.

"Haya mawe niliyabeba mimi," akasema. "Leo na yenyewe yanibebe. Vusha watoto."

"Nawavusha, narudi."

"Vusha watoto, nimesema."

Nikamchukua mtoto, tukakimbia.

Tulivuka daraja katikati ya watu. Ng'ambo nikamwekea Furaha mtoto mikononi, nikageuka.

Askari walikuwa wamefunga njia kwa kamba.

Nikawaambia mama yangu yuko posta. Mmoja akaniambia, "Wa kwangu pia."

Nikapita chini ya kamba. Akanishika shati. Tukavutana.

Daraja likalipuka.

Sikusikia kitu kwa muda. Niliona chuma kikiinama majini polepole, kama ng'ombe anayepiga magoti.

Baadaye redio ilisema jeshi limelipua daraja na kurudi nyuma kwa mpango, ili kuokoa jimbo. Sikatai. Huenda jimbo liliokoka. Mimi nilikuwa ng'ambo nikiangalia moshi.

Mengine ni marefu: kambi ya wakimbizi, yule mtoto mdogo aliyefia kambini kwa kuhara, Furaha aliyekuja kufia hapa Londoni, kitandani na katika shuka safi, akiuliza kama mlango umefungwa. Nikiyaanza sitamaliza.

Sasa yule bwana wa mwavuli. Alipomaliza habari za ukuta, akaeleza kwamba kabla ya ukuta kujengwa, watu wa nchi hii waliinuka dhidi ya Warumi na kuushukia mji. Jemadari wa Warumi alifika na askari wake, akatazama, akaona hawatoshi. Akaamua kuuacha mji mmoja ili aokoe jimbo zima. Watu walilia, walimsihi. Akawachukua walioweza kutembea naye, akaondoka. Waliobaki waliuawa wote, na mji ukachomwa, na udongo wa moto ule mpaka leo uko chini ya barabara, mwekundu.

Nikamgusa Neema. "Waliobaki walikuwa nani?"

Akamuuliza. Bwana akajibu taratibu, akinitazama mimi.

"Anasema wanawake, koko. Na wazee. Na wale waliopapenda."

Mama yangu alikuwa yote matatu.

"Muulize kama majina yao yanajulikana."

Hakukuwa na haja ya kutafsiri. Bwana alitikisa kichwa kabla Neema hajamaliza.

Niliushika ule ukuta. Mawe yake yalikuwa ya baridi na yalibebwa na mtu, na mtu huyo hakuwa jemadari. Neema akauliza, kama ukuta ulijengwa baadaye, uliwasaidia nini wale? Nikamwambia kwetu pia walijenga baadaye. Daraja jipya, refu zaidi. Posta imepakwa rangi ya njano.

Hayo nilielezwa na jirani yetu mmoja aliyerudi mapema. Alinipigia simu nikiwa tayari hapa. Nilimuuliza neno moja tu. Akasema mbele ya posta hakukuta mtu, wala nguo, wala alama. Mvua ilikuwa imenyesha sana. Waliofika kwanza walifukia watu, lakini ni wapi, kila mtu alimwonyesha mahali pake.

Kinu alikiona. Kilikuwa uani kwa familia fulani, wageni wasiojua lolote, na binti yao alikuwa anatwanga sombe ndani yake. Akaniuliza kama nataka akidai.

Nikamwambia aache. Watu lazima wale.

Londoni wamechimba, wakafika kwenye udongo wao mwekundu, wakajua moto ulifika wapi na ukaishia wapi. Mama yangu ana jiwe moja, kwenye ngazi, upande wa kushoto, na sasa mimi peke yangu ndiye ninayejua kuwa ni lake.