Siku Niliyokubali Kuwa Mama Ntilie Mchafu

Sijui hata kama hii niandike au ninyamaze, maana mpaka leo nikipita Katonga, mwaloni kwetu boti zinapofikia, kuna watu wanacheka wameshika matumbo, ila aibu ikishakuwa ya mwalo mzima, kuificha ni kujichosha.

Nauza wali na dagaa pale mwaloni, na kipindi kile boti zilikuwa zinaleta watu waliokimbia vita ng'ambo ya ziwa, wamechoka, wana watoto, na bwana afya akawa anahangaika kipindupindu kisije kikawachukua hao ambao risasi zimewakosa. (Ni mtu mwema, sina neno naye.) Akaja na mpiga picha watengeneze filamu ya kuwafundisha, akaniambia, "Mama Shida, chagua mwenyewe: mama anayenawa, au mama ntilie mchafu." Anayenawa hakuwa na neno hata moja la kusema! Mchafu anaimba, anagombana, anajibu watu. Nikachagua uchafu.

Nikaigiza kwa kanga yangu na sufuria yangu mwenyewe, nikapenga kamasi, nikalamba mwiko nikaurudisha kwenye mchuzi, mpiga picha anacheka, "Turudie, mama, turudie," mpaka mkono ukazoea.

Siku ya kuonyesha, runinga ikawekwa ndani ya hema la turubai, watu wakajaa. Mimi nikapika kuliko siku zote nikakaa mlangoni na sufuria yangu, nikijua watatoka na njaa, tena na kanga ileile (nilitaka wanitambue, jamani!).

Wakanitambua. Filamu haijafika hata nusu, mama mmoja wa Kikongo akageuka akaninyooshea kidole: "Yee! Njo huyu! Na sufuria njo ile!" (Njo yao ndiyo "ndiye" yetu.)

Mzee aliyekula kwangu asubuhi akashika tumbo. "Binti yangu, umeniua!"

"Shikamoo mzee, hujafa, ni maigizo tu!" Nikaruka na sufuria hadi mbele ya runinga. "Chakula changu kisafi, tazameni!" Nikachota mchuzi, nikalamba mwiko, na mkono wenyewe ukaurudisha sufuriani, na nyuma yangu, kwenye runinga, mimi yule mwingine nafanya hivyohivyo.

Yowe lililopigwa! Watu wakatoka mbio, hakununua hata mmoja, bwana afya anapiga makofi, "Elimu imeingia!" Na kusema haki iliingia, hata mimi nisingenunua kwangu.

Naapa sitaigiza tena uchafu, hata nikipewa maneno ya filamu nzima. Wateja wamerudi mmoja mmoja, lakini kila asubuhi lazima ninawe mbele yao hadi viwikoni, na yule mama wa Kikongo ndiye msimamizi: "Vidole, mama. Rudilia." Nami narudia bila kununa, maana asipokula yeye kwanza, hakuna mwingine anayekula.