Pangusa Miguu Kwanza

Mjomba wangu alikuwa bawabu wa ukumbi wa mji, na fimbo yake haikujua mkubwa wala mdogo. Ukiingia na matope kwenye sakafu aliyoipiga deki mwenyewe, unakula fimbo ya muundi, uwe diwani au bwana harusi. Watu walimwita Pangusa. Sikatai, alikuwa mkorofi.

Siku matokeo ya uchaguzi yalipotangazwa, kundi likaja na petroli kuuchoma ukumbi. Mjomba akasimama mlangoni peke yake.

"Pangusa miguu kwanza," akawaambia.

Wa kwanza aling'olewa meno mawili. Wa pili akapasuliwa utosi. Ndipo jirani yetu mwenye bucha, mtu aliyefanyia harusi yake humo humo ndani, akamvunja mjomba mkono kwa nondo na kumtupa chini ya ngazi. Wenzake wakapita juu ya mgongo wake na matope yao. Ukumbi uliwaka mpaka paa likaanguka.

Leo zimebaki ngazi tatu tu, na ukimuuliza mtu yeyote mjini, atakuambia siku ile yeye alikuwa kitandani anaumwa. Mjomba hushinda pale, mkono umepinda. Kila asubuhi mwenye bucha hufika, hupangusa miguu, kisha huinama. Mjomba humtandika fimbo moja ya mgongo kwa mkono wa kushoto, naye huenda zake kufungua duka.

Juzi nikamwambia mjomba yatosha sasa.

"Mimi simwiti," akasema. "Njia ya kwenda buchani haipiti hapa."