Kura Kumi na Saba za Saint-Bauzire

Nilipomwona Daktari Anselme Cayrade mara ya kwanza alikuwa zizini kwetu, kifua wazi katika baridi ya Februari, mkono wote ndani ya ng'ombe, akimgombeza ndama aliyekataa kuzaliwa.

"Toka, mvivu we! Unangoja waziri aje akufungulie mlango?"

Baba alicheka hadi akaangusha taa. Mimi sijawahi kuwa msemaji.

Miaka iliyofuata daktari huyo wa mifugo akawa meya wetu, kisha mbunge, kisha waziri huko Paris. Jumamosi bado alirudi, akasimama sokoni kati ya jibini na kuku. "Mheshimiwa, ng'ombe wangu anakohoa," mtu angemwambia, naye angeingia zizini na viatu vyake vya Paris. Mimi kazi yangu ilikuwa kuziba mashimo ya barabara za kijiji chetu, Saint-Bauzire. Alipotuletea lami hadi mashamba ya juu, kule ambako mama alifia njiani kwa sababu gari la wagonjwa lilikwama kwenye theluji, nilitaka kumshukuru. Kila nilipomkaribia, ulimi uliganda.

Ukaja uchaguzi. Waziri akiangushwa jimboni kwake, uwaziri nao huuacha. Hilo tulilijua sote. Yeye, kwa kuwa bado ndiye meya, alisimamia sanduku la kura, na jioni akaniita mezani nisaidie kuhesabu. Sikuwahi kuifanya kazi hiyo.

Kwetu kila mpiga kura hutia katika bahasha karatasi iliyochapwa jina la mgombea wake. Bahasha ya tatu ilikuwa na karatasi yenye jina lake, na juu yake mtu ameandika: "Hongera, Anselme wetu!"

"Imeharibika," alisema Roumégoux, mwalimu, mtu wa upande wa pili. "Karatasi ya kura haiandikwi neno."

"Lakini huyu anampenda!" nikasema.

"Basi angempenda kimyakimya, Marcelin."

Zikaendelea kutokea, zote zenye jina lake. Mmoja alimsalimia mke wa daktari, mwingine aliulizia dawa ya kondoo. Kisha nikafungua bahasha nikakuta mwandiko wangu mwenyewe, kwa penseli: "Asante kwa barabara, daktari."

Roumégoux alikuwa ameinama akiwasha kiko. Kidole kilicholowa mate kingetosha kuifuta. Nikainua macho. Daktari alikuwa ananitazama. Mwandiko ule aliusoma kila wiki kwenye taarifa zangu za mashimo. Hakutikisa hata unyusi.

Nikaiweka kwenye zilizoharibika.

"Ya kumi na saba," nikasema.

Katika jimbo zima alishindwa kwa kura kumi na moja.

Akarudi kwa ng'ombe wake. Miaka saba tulipishana barabarani, akanipungia mkono, na karatasi ile hakunitajia hata siku moja. Alipolazwa kwa ugonjwa wa ini nilimpelekea jibini. Nilikaa kando ya kitanda nikizungusha kofia mikononi, mpaka muuguzi akaja kuniambia muda umekwisha. Nikasimama.

"Daktari," nikasema, "asante kwa barabara."

Alifumba macho, akatabasamu.

"Hiyo inahesabika, Marcelin."