Jiwe Nisilolisugua

Mimi ni msafishaji, na neno hilo silitamki nikiwa nimeinamisha kichwa. Huu ni mwaka wangu wa sita nikiosha vioo vya nyumba ya samaki hapa Maskati, na hakuna mgeni aliyewahi kukuta alama ya kidole mbele ya papa wangu. Ndiyo, papa wangu. Wanaowalisha ni wengine, lakini bila mimi wasingeonekana.

Walipoletwa fisi maji wawili, dume na jike, nilikabidhiwa chumba chao: bwawa dogo, mawe, kisiki na mchanga. Ukutani palibandikwa picha kubwa ya ndugu yao, fisi maji wa bahari za baridi, amelala chali juu ya maji akivunja chaza kwa jiwe aliloliweka kifuani. Maelezo yalisema watu waliwawinda kwa ajili ya manyoya yao mazito mpaka wakabaki wachache mno, kisha wanadamu haohao wakatunga sheria za kuwalinda. Nilisoma nikacheka peke yangu. Kwetu kando ya ziwa, fisi maji alikuwa mwizi tu. Baba yangu, mvuvi, alikuta nyavu zimechanwa na samaki wamebaki vichwa, akamtukana mnyama huyo pamoja na ukoo wake wote. Na leo binti yake anamfutia kioo!

Kila asubuhi nilikuta kinyesi juu ya jiwe moja bapa karibu na kisiki. Mawe yako tele mle ndani, lakini wao walichagua lilelile. Harufu yake usiombe. Nililichukulia kama tusi. Nikashika brashi, sabuni na dawa ya klorini, nikasugua mpaka jiwe likang'aa kama sahani ya Krismasi. Kesho yake kinyesi kimerudi, na mimi nimerudi. Sikuzaliwa kushindwa na mnyama.

Wiki ya pili jike akaacha kula. Alizunguka ukutani akinusa huku na huku, akilia kwa sauti nyembamba, na manyoya yake yakaanza kupoteza mng'ao. Daktari wa wanyama, mama wa Kiomani ambaye wazazi wake walitoka Unguja, alimpima damu, akamkagua meno, akambadilishia samaki kwa kamba, na kamba kwa kaa. Wapi!

"Dada, nnaogopa huyu atatufia," aliniambia. "Damu yake haina neno, tumbo halina neno. Sijui nnakosa nini."

Siku yangu ya mapumziko nilimpigia baba simu. Nilidhani atachekelea msiba wa adui yake. Badala yake akauliza, "Choo chao kiko wapi?"

Nikamweleza habari za jiwe, na jinsi ninavyolisafisha. Nilimweleza kwa kujisifu, Mungu anisamehe.

Baba akaniambia, "Mama, umesahau? Nilipochoka kuwatega, nilitafuta jiwe lao la choo nikalisugua kwa majivu. Harufu ile ndiyo inayowaambia kwamba hapa ni kwao. Ukiiondoa, wanahama. Niliwahamisha hivyo mpaka wakaisha. Siku hizi hata huyo mwizi hatumwoni, na ziwa halipendezi tena."

Kikulacho ki nguoni mwako. Nilikuwa nikimfukuza yule jike kwake kila asubuhi, naye hana pa kuhamia.

Ningeweza kukaa kimya. Niliwaza kibali changu cha kazi, nikawaza tiketi ya kurudi nyumbani. Lakini mnyama alikuwa anakufa kwa mkono wangu, na mkono huu ndio ninaojivunia. Nikamfuata daktari kwenye chumba cha dawa, nikamwambia yote.

Alinitazama sana. "Ungelinyamaza, nisingelijua," akasema. "Basi, usiliguse."

Hakuna kazi iliyowahi kunishinda kama ile ya kutofanya kazi. Nilisafisha vioo, nikasafisha sakafu, nikalipita jiwe huku vidole vikiniwasha. Msimamizi wa zamu alipita akiziba pua: "Hii nini? Safisha, khalas!" Nikamjibu kwamba hapana, na akitaka amuulize daktari. Sikuwahi kumjibu hivyo.

Asubuhi ya nne jike alipanda juu ya jiwe. Akanusa, akajigeuza mara mbili, akamaliza haja zake. Kisha akashuka moja kwa moja hadi kwenye beseni la chakula, akachukua kaa kwa mikono yake miwili na kumtafuna, gamba likilia kacha, kacha. Nililia nikiwa nimeshika ndoo, wala sioni haya. Jioni nilimpigia baba kumpa habari.

"Mwambie ale," alisema mzee yule mwenye mitego. "Mwambie ale ashibe."

Mwezi uliopita daktari alimleta mama yake kutembea. Bibi alisimama mlangoni, akajifunika pua kwa ncha ya mtandio.

"Mwanangu, nnaona kila kitu kinang'ara, mashallah. Na jiwe lile je? Nani kazembea?"

Daktari alitaka kumjibu, nikamtangulia.

"Hakuna aliyezembea, bibi," nikasema. "Lile nalitunza mimi."