Wifi Yangu Aliyezaa kwa Mdomo

Wifi yangu amezaa mtoto mmoja kwa tumbo na wengine kadhaa kwa mdomo. Hao wa mdomo ndio waliotuletea kizaazaa, na ndio ninaotaka kuwaeleza, maana watu wa mtaani wameshaisimulia habari hii ovyo ovyo, kila mmoja kwa chumvi yake, ilhali mimi nilikuwepo pale sebuleni na masikio yangu yote mawili.

Kazi yake ni udadisi. Simsengenyi, ndivyo kilivyoandikwa kitambulisho anachovaa shingoni: Mdadisi. Idara ya takwimu inampa kishikwambi, mkoba na mwavuli, halafu inamwambia nenda ukabishe hodi mlango kwa mlango, uwaulize wanawake wamezaa wangapi, walio hai ni wangapi, na kama wanataka wengine. Zamani alikuwa akiuza vitambaa dukani, na anasema kazi ni ileile, kwa sababu hata kule mteja akiingia na maneno mengi ilibidi umwangalie machoni ndipo ujue anachotaka. Kaka yangu alimpatia kazini. Alibisha hodi kwake siku moja kuuliza habari za maji na choo, kaka akajibu yote, na maswali yalipoisha akamwomba aulize mengine. Mpaka leo bado anaulizwa.

Wana binti mmoja, mwenye usumbufu wa kuwatosha watatu. Na hapo ndipo penye kesi yenyewe: wifi hakutaka mwingine. Kaka naye aliridhika. Walishakubaliana chumbani kwao, na wifi akawa anakwenda kliniki kuchomwa sindano ya uzazi wa mpango huku akiaga kwamba anakwenda kwa fundi viatu. Viatu vyake vikapata sifa mbaya mtaa mzima. Asiyejua alikuwa mama yetu peke yake, ambaye anaishi nao. Mama amezaa saba, wote tupo, na kila jioni alikuwa akikaa kwenye kochi akifuma sweta jeupe la kichanga. Akimaliza moja anaanza jingine, hasemi neno, anamtazama tu wifi juu ya miwani.

"Wifi, bora angenitukana," wifi aliniambia siku moja jikoni. "Matusi ningeyajibu. Sweta utalijibuje?"

"Mwambie basi ukweli."

"Nitamwambia wiki hii."

Wiki hiyo ilikuwa haina mwisho. Mwanamke anayewahoji wageni habari za matumbo yao mchana kutwa, anarudi nyumbani na ulimi umeingia mafichoni. Alikuwa anampenda mama, hilo nalijua, na alikuwa anaogopa kwamba siku atakayosema maneno hayo mawili, sitaki tena, mama atafunga virago na kwenda kuishi kwa mmoja wetu mwingine, na nyumba ile haitarudi kuwa nyumba. Nilimcheka, lakini mimi ni mtoto wa kuzaliwa na mama yule na bado nilikuwa namwogopa vilevile.

Basi, idara ikatangaza uchunguzi mpya wa mambo ya uzazi, na wadadisi wakaitwa semina. Msimamizi wao ni bwana mmoja mpole, mwembamba, shati limechomekwa hata siku ya mapumziko. Wao wanamwita Wastani, kwa kuwa hawezi kumaliza sentensi bila kulitaja neno hilo. Bwana Wastani aliwatundikia ramani ya dunia iliyopakwa rangi: nzito palipo na watoto wengi, nyepesi palipo na wachache. Wifi alirudi amejaa ramani.

"Mama, ziko nchi mwanamke kwa wastani anazaa watoto sita," alisema mezani. "Halafu ziko nchi hafikishi hata mmoja."

"Hafikishi mmoja kivipi? Anaishia kwenye mguu?"

"Wanajumlishwa wote mama, halafu wanagawanywa."

"Nani huyo anayegawanya watoto wa watu?"

"Ni hesabu tu. Huko shule zinafungwa kwa kukosa wa kusoma. Serikali inawabembeleza watu wazae, na bado hawataki."

Mama aliweka kijiko chini, akamtazama mkwewe tumboni bila kificho. "Na sisi humu ndani tuko nchi gani?"

Kaka alipaliwa na maji. Wifi akaondoa vyombo ambavyo watu walikuwa bado wanavilia.

Uchunguzi ukaanza, na wifi akapewa mitaa inayopakana nasi, pamoja na barabara yetu yenyewe, ambayo ni ndefu kiasi kwamba sisi wa mwishoni hatujulikani huko kwingine. Upande wa juu wa barabara kuna maghorofa, watu wa ofisini, kengele mlangoni na mbwa nyuma ya kengele. Upande wa chini kuna nyumba za vyumba vya kupanga, ua mmoja, bomba moja, na watoto wanaopita katikati ya mahojiano kama wana haraka ya kikao. Hapo ndipo mambo yalipoharibika, na yaliharibika kwa sababu ya wema. Mdadisi akimuuliza mwanamke ana watoto wangapi, mwanamke naye hurudisha swali: "Na wewe je, dada?" Kwa mujibu wa semina, mdadisi anatakiwa atabasamu na kuendelea. Lakini nani anatabasamu tu na kuendelea akiwa amekalishwa kwenye mkeka wa mtu? Mwanzoni wifi alijibu kweli, mmoja. Upande wa chini wakamwonea huruma, wakamuombea, mahojiano yakageuka matanga. Upande wa juu mama mmoja asiye na mtoto alinywea kama amekosea, akataka kufunga mlango.

Wifi akaona hapana. Toka siku ile, akivuka kwenda chini anakuwa na watoto sita, wa mwisho mapacha. Akivuka kwenda juu, hana hata mmoja, "bado bado kwanza." Milango ikafunguka! Chini walimwita Mama Mapacha, wakampa kiti chenye mgongo. Juu walimkaribisha kwenye sofa na kumnong'oneza mambo ambayo waume zao hawajawahi kuyasikia. Alikuwa akinisimulia akicheka mpaka anashika ukuta. Nami nilicheka, nikamuuliza majina ya mapacha, akayataja palepale bila kusita.

Asichokijua ni kwamba watu hupenda kwenda sawa na mgeni wao. Mwenye wanne, akisikia mwenzake ana sita, anamkumbuka mpwa anayemlea, na yule wa dada yake ambaye kila siku analala hapo. Wanakuwa sita. Kule juu, mwenye watatu anamwona dada wa watu hana kitu, anaona haya kujigamba, anasema "mmoja tu," na wale wawili wanapiga kelele bafuni. Wifi aliwasikia, lakini mdadisi huandika anachoambiwa.

Baada ya muda Bwana Wastani akampigia simu, sauti inatetemeka kwa furaha. Alikuwa ameitazama barabara yetu kwenye kompyuta. Upande mmoja wanawake wanazaa kama nchi za rangi nzito kabisa, upande wa pili kama zile zinazofunga shule, na katikati kuna lami tu! Alisema hajawahi kuona kitu kama hicho tangu aanze kazi. Alisema atakuja mwenyewe kujionea, kisha apeleke makao makuu.

Alikuja. Walianzia chini. Hawajafika hata kwenye bomba, mwanamke mmoja akapaza sauti na ndoo mkononi: "Mama Mapacha! Wale wameshaota meno?"

Bwana Wastani alimgeukia wifi. "Una mapacha? Hongera. Sikujua."

Wifi alimung'unya maneno, akamvusha haraka kwenda juu, akidhani huko kuna heshima. Mlango wa kwanza tu, mama wa ghorofani akamkumbatia na kumtia kikaratasi mkononi. "Nimekutafutia daktari, mdogo wangu. Mzuri sana. Usikate tamaa, hata mmoja utampata."

Bwana Wastani alisimama pale kwenye ngazi, akatazama juu, akatazama chini, na dunia zake mbili zikamfia mbele ya macho. Hakumfokea. Wifi anasema angemfokea ingekuwa nafuu. Alisema taratibu kwamba kila nyumba itarudiwa, na ataihoji yeye mwenyewe, akianza na ile ambayo wifi aliiruka.

"Nimeruka ipi?"

"Ya kwako. Iko kwenye sampuli. Wewe ni mwanamke wa umri wa kuzaa, unaishi barabara hii. Jumamosi nitakuja."

Wifi alinipigia palepale. "Njoo Jumamosi unishike mkono. Kazi nikifukuzwa nitapata nyingine. Lakini lile swali, wifi! Ataniuliza nikiwa nimekaa na mama!"

Nilimwambia amdanganye mama, mbona uongo anaujua. Akasema, "Wengine wote nimeweza. Yeye siwezi."

Jumamosi Bwana Wastani akaja na kishikwambi chake. Alimwomba mama kwa adabu atupishe, maana mahojiano yanataka faragha.

"Faragha ya nini?" mama alisema, na sindano za kufumia zikiendelea. "Nyumba hii hakuna siri."

Kaka aliyekuwa akileta chai aligeuka nusu arudi jikoni, nikamkazia macho, akabaki na sinia lake.

"Basi hata wewe mama, karibu usikilize," alisema Bwana Wastani. "Ila sitakuhoji. Umri wa kuhojiwa umeshaupita."

Mama hakulipenda hilo hata kidogo, lakini alikaa. Maswali yakaanza. Umezaa mara ngapi? Mara moja. Yuko hai? Yuko hai, yule pale anachora ukutani. Wifi alijibu vizuri, kwa sauti ya kitambulisho. Kisha Bwana Wastani akasoma lile lililokuwa likitungoja, akalisoma lote kama lilivyoandikwa: ungependa kupata mtoto mwingine, au ungependelea usipate mwingine kabisa?

Sindano za mama zikasimama. Wifi alinitazama mimi, akamtazama kaka, kaka akatazama vikombe. Nami nikaona aibu kwa mizaha yangu yote.

"Sitaki mwingine," alisema. "Ninampenda huyu, na ananitosha. Mama, nisamehe. Nilikuwa natafuta siku ya kukwambia."

Nilingoja radi. Mama alivua miwani, akaifuta kwa pindo la nguo, akaivaa.

"Nani kakufundisha kusema hivyo?"

"Hakuna, mama. Nimeulizwa, nimejibu."

"Kumbe huwa wanauliza," mama alisema.

Akamgeukia Bwana Wastani na kuvuta kiti mbele kama mtu aliyefika dirishani baada ya foleni ndefu. "Haya, niulize na mimi."

"Mama, mashine haikubali umri wako."

"Si mashine ninayoiambia. Niulize wewe."

Maskini Bwana Wastani alifunika kishikwambi kwa kiganja. "Mama, wewe ulipenda kuzaa watoto wangapi?"

"Wawili," mama alisema palepale, upesi, kama anayetaja jina lake.

Kaka yangu, mwenye nyumba, mwenye sinia, ni wa tano. Mimi ni wa tatu. Niliwahesabu waliotangulia mbele yangu, nikapata hesabu imekwisha kabla sijafika. Lakini mdomo wangu haujui kukaa.

"Sasa mama, sisi wengine turudi wapi?"

"Acha uchokozi," mama alisema, na macho yake yalikuwa yamelowa. "Nimeulizwa nilipenda wangapi. Sikuulizwa kama yupo ninayemrudisha. Hayupo."

Kisha akamnyooshea Bwana Wastani kidole. "Baba wa hawa, mama yake, daktari, jirani, wote walikuwa wanajua nizae wangapi. Mimi sikuulizwa hata siku moja. Huyu ameulizwa. Mwandikie alivyosema, nami nikuone ukiandika."

Bwana Wastani akaandika. Mama aliinama juu ya kioo kile asichoweza kukisoma, akangoja mpaka kidole kikagusa pale panapostahili, kisha akamwambia wifi amimine chai.